Pasipoti Tatu, Njia Tatu: Ujaze Mwenyewe, Uende Saiba au Umpe Broka?

Nyumbani kwetu Majengo, Mombasa, pasipoti tatu zilitaka kubadilishwa karibu wakati mmoja, na kila moja ikapita njia yake. Yangu niliijaza mwenyewe kwa simu, nimeketi barazani. Ya mamangu ilijazwa saiba, yaani duka la kompyuta na mtandao. Ya binamu yangu, ambaye ni baharia, ilikabidhiwa broka, mtu "anayejua watu". Hatukupanga hivyo. Kila mmoja alikuwa na haraka yake. Lakini tangu hapo majirani wananiuliza njia ipi ni bora, na jibu langu limekuwa refu kiasi kwamba ni afadhali niliandike.

Na wataendelea kuuliza. Pasipoti mpya ya kielektroniki ya Afrika Mashariki ilianza kutolewa Kenya mwaka 2017, na muda wake ni miaka kumi. Waliokimbilia kuichukua mwanzoni, nikiwemo mimi, zao zinaanza kwisha 2027. Tena nchi nyingi hazikubali uingie kama pasipoti imebakiza chini ya miezi sita, kwa hivyo tarehe iliyoandikwa ndani si tarehe yako ya kweli. Hesabu miezi sita kurudi nyuma, hapo ndipo imekwisha. Kisha kuna wale ambao bado wana ile ya zamani isiyo na chipu kwenye sanduku, kama mamangu. Ile ilikoma kutumika mwisho wa Novemba 2022, hata kama ndani imeandikwa ina miaka mitatu mbele.

Kabla sijalinganisha, niseme yasiyobadilika, kwa sababu mabroka wanaishi kwa watu kutoyajua. Ombi lazima lipitie eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, awe anayelijaza ni wewe, msichana wa saiba au broka. Ada ni ile ile. Na hakuna njia itakayokutolea alama za vidole ukiwa kitandani kwako: lazima wewe mwenyewe, kwa miguu yako, ufike ofisi ya uhamiaji upigwe picha na uweke vidole. Kwa sisi wa Mombasa hiyo ni Uhuru na Kazi, kule Mama Ngina Drive. Kwa hivyo njia hizi tatu zinatofautiana pale katikati tu: nani anabonyeza, na akaunti inabaki mikononi mwa nani. Hili la pili ndilo zito, ingawa wengi hulipita.

Kwanza, kurasa ngapi?

Swali hili utaulizwa na fomu mapema, na ukilijibu vibaya huwezi kurudi nyuma baada ya kulipa. Tangu ada zipande mwaka 2024, pasipoti ya kurasa 34 ni shilingi 7,500, ya kurasa 50 ni 9,500, na ya 66 ni 12,500. Mimi nilitozwa na shilingi 50 za mtandao juu yake. (Kabla ya hapo ya kurasa 34 ilikuwa 4,550 pamoja na hamsini hiyo. Tusilie tena, tulishalia.)

Ukipiga hesabu, utaona jambo. Kutoka 34 hadi 50 unaongeza 2,000 upate kurasa 16, yaani shilingi 125 kila ukurasa. Kutoka 50 hadi 66 unaongeza 3,000 kwa kurasa 16 zile zile, karibu shilingi 188 kila mmoja. Ya katikati ndiyo nafuu kwa anayehitaji kurasa zaidi. Lakini uliza kwanza kama unazihitaji. Mamangu anakwenda umra, labda na safari moja ya kumwona dadake Muscat. Viza nyingi siku hizi ni za mtandaoni, hazibandikwi tena kujaza ukurasa mzima. Unagongewa muhuri wa kuingia na wa kutoka, basi. Kurasa 34 atamwachia mjukuu zikiwa nyeupe. Binamu yangu yu mbali na hali hiyo: baharia hugongewa bandari hadi bandari, na yeye alikuwa amejaza ya kwanza miaka mingi kabla haijakwisha. Kwake 66 si anasa. Ya 50 ningemshauri mchuuzi anayekwenda Dubai au Guangzhou kuleta mali kila baada ya miezi miwili.

Kuna hesabu nyingine ambayo ni kali zaidi. Ukiipoteza pasipoti au ikiharibika, kuibadilisha ni 20,000. Ami yangu mmoja aliisahau mfukoni mwa suruali na suruali ikaingia kwenye beseni la sabuni. Aliianika kwenye kamba pamoja na mashati. Ilikauka vizuri tu, lakini ukurasa wa picha ulikuwa umeanza kubanduka, na hapo hayupo tena kwenye bei ya 7,500. Kwa hivyo kama yako ina kona iliyoliwa na mende au unyevu wa pwani umeifurisha, itazame kabla hujabonyeza neno la kufanya upya.

Kujaza mwenyewe

Nilianza saa tatu usiku, baada ya isha, nikamaliza saa tano kasoro. Si kwa sababu ni kugumu. Fomu ni ndefu na simu ni ndogo. Wanataka majina ya wazazi, mahali ulipozaliwa, kazi, watu wa kuwasiliana nao kukiwa na dharura, na mtu wa kukudhamini atakayetia sahihi na kutoa nakala ya kitambulisho chake. Huyo mdhamini mpate kabla hujaanza. Mimi nilimtafuta katikati ya fomu, saa nne usiku, na mzee wa watu alidhani namwomba mkopo.

Kilichonisumbua hasa ni picha za hati. Cheti changu cha kuzaliwa kimekunjwa mara nne tangu niko darasa la kwanza, na taa ya barazani ikawa inatupa kivuli. Nilikipiga mara sita. Fanya kazi hii mchana, karibu na dirisha, hati ikiwa juu ya kitambaa cheusi, usiku ubaki wa kujaza maneno. Na ukiwacha ukurasa umekaa ukienda kunywa chai, utarudi ukute umetolewa nje, uingie tena.

Malipo ni rahisi: namba ya serikali ya M-Pesa ni 222222, na namba ya akaunti ni ile iliyo kwenye invoisi yako. Ukiambiwa ulipe kwa namba nyingine yoyote, ya tili au ya mtu, simama hapo hapo.

Nilipomaliza nikagundua kitu cha kuchekesha. Lazima uchapishe fomu na invoisi, na nani ana printa Majengo? Asubuhi nikaenda saiba. Kwa hivyo kujaza mwenyewe si kukwepa saiba, ni kwenda saiba ukiwa umeshamaliza, na kulipa kumi kumi za karatasi badala ya mia tatu za kujaziwa.

Faida yake si hizo mia tatu. Ni kwamba barua pepe ni yangu, namba ya simu ni yangu na nenosiri ninalijua. Kila hatua ombi liliposogea, nilijua kabla ya mtu mwingine. Na makosa yalikuwa yangu, niliyaona kwa macho yangu kabla ya kulipa. Ukiwa unasoma haya kwa simu bila shida, tayari unaweza kujaza ile fomu.

Saiba

Mamangu hasomi simu. Anaongea kwenye simu, anatuma sauti za dakika tano kwenye kundi la ukoo, lakini fomu hapana. Na mimi siku hiyo nilikuwa kazini Changamwe. Akaenda saiba ya mtaani na bahasha yake ya hati, ile ile ambayo imekaa chini ya godoro tangu sijazaliwa.

Msichana wa pale alikuwa mzuri, nasema kwa dhati. Aligundua jambo ambalo mimi nisingeligundua: kwenye kipande, yaani kitambulisho, jina lake limeandikwa neno moja, Mwanaisha, na kwenye cheti cha kuzaliwa ni mawili, Mwana Aisha. Hapa pwani mambo haya ni ya kawaida. Karani wa zamani aliandika alivyosikia, na kila ofisi ikasikia vyake. Yule msichana alimwambia asilipe kwanza, asije akafika dirishani akarudishwa. Mama akashughulikia karatasi zake, akarudi baada ya muda. Hiyo ndiyo faida ya saiba iliyo nzuri: ameshaona fomu mia, anajua zinakokwama. Mimi nimeona moja.

Shida ilikuja kwenye akaunti. eCitizen hutuma namba za uthibitisho kwenye simu, na simu iliyoandikwa ilikuwa yangu. Niko juu ya lori nakagua mzigo, simu inalia.

"Mwanangu, huyu msichana ataka namba, asema zimekujia wewe."

"Mama, namba gani?"

"Mimi nitajuaje? Wewe zisome tu, nami nimsomee."

Nikasoma, akarudia moja baada ya nyingine kwa sauti ambayo bila shaka saiba nzima iliisikia. Zikawa zimeshapitwa na muda. Tukarudia mara tatu.

Barua pepe nayo hakuwa nayo, akafunguliwa hapo hapo, na nenosiri likaandikwa kwenye karatasi ya bajia. Niliikuta jioni, ina doa la mafuta juu ya herufi mbili. Tulikisia mpaka tukalipata. Kama tusingelipata, ombi lingekuwa mle ndani na sisi tuko nje.

Kwa hivyo saiba ni njia nzuri kwa mzee, kwa mtu asiye na simu ya maana, na kwa yeyote mwenye hati zenye majina yanayogombana. Lakini nenda na mtoto au mjukuu mwenye simu yake mkononi, siyo aliye Changamwe. Barua pepe ifunguliwe nyumbani mapema, kwa utulivu. Kabla ya kulipa, mwambie akugeuzie kioo, usome kila herufi ya jina na kila tarakimu ya kipande. Na ukitoka, mwombe afute picha za hati zako kwenye kompyuta yake mbele ya macho yako. Nilipomwomba afute za mamangu, kwenye ukurasa wa mbele wa ile kompyuta nilihesabu vipande vya watu kumi na wanne ambao siwajui. Hakuwa na nia mbaya, hakuwa na muda tu. Sheria ya ulinzi wa data tunayo tangu 2019. Kinachokosekana ni mtu wa kuikumbusha saiba.

Broka

Hapa nitakuwa mfupi wa maneno lakini si mfupi wa hasira.

Binamu yangu alikuwa na wiki chache kabla ya meli. Mtu akamwambia kuna mtu. Huyo mtu, ambaye jina lake silitaji hapa, alimwambia ampe 18,000 kwa pasipoti ya kurasa 66, na yote mengine amwachie. Binamu ni mtu wa bahari, anaamini kila bandari ina wakala wake, kwa nini ofisi isiwe naye. Akatoa.

Siku ya kupeleka vidole alifika Uhuru na Kazi akapanga foleni kama wengine, kwa tarehe kama za wengine. Broka hakuwepo. Dirishani ndipo aliposoma fomu yake kwa mara ya kwanza: kurasa 34. Alilipiwa 7,550. Iliyobaki, piga hesabu mwenyewe.

Lakini kilichomuumiza zaidi hakikuwa pesa. Akaunti ya eCitizen hufungwa kwa namba ya kipande, na kipande kimoja hufungua akaunti moja. Broka alikuwa ameifungua kwa barua pepe yake na simu yake. Binamu alipojaribu kufungua yake mwenyewe aone ombi limefika wapi, akaambiwa namba hiyo ya kitambulisho imeshasajiliwa. Ujumbe wa kuwa pasipoti iko tayari ulikwenda kwa broka, na broka kwa wakati huo alikuwa hapokei simu. Pasipoti ilikaa ofisini na mwenyewe yuko Likoni anahesabu siku. Alipata kujua kwa kwenda kuuliza tu.

Na akaunti ile ndiyo ile ile ya leseni ya udereva, cheti cha tabia njema na mambo mengine mengi ya serikali. Amempa mtu asiyemjua ufunguo wa mlango wa mbele ili amfungulie dirisha. Ilimchukua safari kadhaa na kitambulisho mkononi kuirudisha.

Je, kuna anayefaidika na broka? Nimejitahidi kumfikiria nimekosa. Anayetaka kujaziwa aende saiba. Anayetaka haraka, broka hana haraka ya kumuuzia.

Vidole: hapa au Nairobi?

Fomu itakuuliza utapeleka wapi hati zako. Watu wa Mombasa wengine huchagua Nyayo House wakiamini kwamba makao makuu ni haraka zaidi. Kama unaishi huku, fikiria gharama kwanza. Treni ya SGR daraja la kawaida ni 1,500 kwenda na 1,500 kurudi, bila teksi ya kwenda kituo cha Miritini wala ya kutoka kile cha Syokimau, bila malazi, na kuna uwezekano wa kurudi tena kuichukua. Hiyo ni karibu bei ya pasipoti nyingine. Nairobi ina maana kama unakwenda huko kwa shughuli nyingine, au kama unaishi huku kwa msimu tu.

Uhuru na Kazi nenda asubuhi mapema. Beba hati halisi na nakala zake: kipande, cheti cha kuzaliwa, pasipoti ya zamani, fomu iliyochapishwa na kutiwa sahihi, nakala ya kipande cha mdhamini. Kama ni ya mtoto chini ya miaka 18, kuna vipande vya wazazi na idhini yao. Mwenye harusi karibuni ajue kwamba piko nzito kwenye ncha za vidole inaweza kuisumbua mashine. Bora vidole viende kwanza, hina ifuate. Ukimaliza na jua bado halijakali, mihogo ya Lighthouse iko mbele kidogo.

Lini uanze?

Kwa kweli hili lingekuwa la kwanza kama ningekuwa mwandishi mwenye mpangilio. Usiahidiwe siku na mtu yeyote. Mwaka 2023 mashine za kuchapa zilikuwa na matatizo, maombi yakalimbikizana kwa maelfu, na watu walikosa safari wakiwa na risiti mkononi. Julai mwaka huo huo eCitizen yenyewe ilishambuliwa na wadukuzi ikayumba kwa siku kadhaa. Mambo yametengenezwa tangu hapo, lakini anayeanza wiki tatu kabla ya ndege amemkabidhi mtu mwingine safari yake. Mimi nimeweka kanuni ya nyumbani: ikibaki mwaka mmoja, tunaanza.

Kwa umra au hija usiombe viza kwa pasipoti ya zamani ukipanga kuibadilisha baadaye, kwa sababu pasipoti mpya huja na namba mpya na viza imefungwa kwa namba. Badilisha kwanza. Kwa aliye na viza ya Marekani ambayo haijaisha ndani ya pasipoti iliyoisha, habari ni njema: viza bado yako, unasafiri na zote mbili. Kwa hivyo ya zamani ukirudishiwa usiitupe.

Au usifanye upya kabisa

Wengine walioniuliza walikuwa wanakwenda Kampala harusini. Kwa Uganda na Rwanda, Mkenya huvuka kwa kitambulisho chake tangu 2014. Mtu huyo asilipe 7,500 kwa ajili ya safari moja ya basi.

Tanzania ni tofauti, na hapa ndipo watu wa pwani hukosea, kwa kuwa Tanga tunaiona kama mtaa wa jirani. Kipande peke yake hakikuvushi Lunga Lunga kwenda Horohoro kwa njia halali. Unahitaji pasipoti, au kibali cha muda cha kusafiria ndani ya Afrika Mashariki ambacho nacho hutolewa na uhamiaji. Kwa anayekwenda kuzika na kurudi, kibali kinatosha. Halati yangu ana nduguze Pongwe na huenda kila Idi. Nilimwambia achukue pasipoti ya kurasa 34 awe amemaliza kwa miaka kumi. Alijaziwa saiba, mjukuu yuko pembeni na simu mkononi.